Kusomea jembe ukubwani

Mama mkwe aliposikia kwamba narudi shule kusomea kilimo, aliweka chini ungo wake wa karanga akaniuliza, "Mwanangu, siku hizi hata jembe linasomewa?" Hakuwa na nia mbaya. Amelima tangu utoto wake, amelea watoto kwa mihogo na wimbi, na hakuna aliyewahi kumpa cheti. Shemeji yangu ndiye aliyekuwa na nia mbaya. Yeye alisema ada ile ingetosha kununua bodaboda kuukuu.

Nina duka la pembejeo hapa Busia, upande wa Uganda, si mbali na soko la Sofia. Nauza mbegu, mbolea, dawa za mimea, dawa za kuogeshea ng'ombe, pampu za mgongoni, turubai na vikorokoro vingine. Mume wangu ni wakala wa forodha pale mpakani. Nyumbani kwetu kuna Kisamia cha mama mkwe, Kiteso cha kwetu nilikozaliwa, na Kiswahili cha watu wengine wote. Mji huu ukitaka kuuza, uza kwa Kiswahili.

Kilichonipeleka chuoni ni majani. Mteja anakuja na jani ndani ya kaveera, yaani mfuko wa plastiki, wakati mwingine limeshanyauka, analiweka juu ya kaunta na kusema, "Mama, nipe dawa ya hii." Dawa ya hii! Hajui ni nini, anajua tu kwamba jirani alipiga dawa fulani yenye kifuniko chekundu. Afisa kilimo wa eneo lake yuko, lakini ana vijiji vingi kuliko mafuta ya pikipiki yake. Kwa hiyo daktari wa mimea anakuwa mwenye duka, atake asitake. Juu ya hapo kuna sheria ya udhibiti wa kemikali za kilimo ya mwaka 2006, na wakaguzi wanapopita wanataka kuona kama anayeuza sumu amefundishwa kitu. Kozi fupi ya kushika dawa kwa usalama ingewatosha wao. Mimi haikunitosha. Nilitaka kujua jani linasema nini.

Basi nikajiandikisha cheti cha kilimo, miaka miwili, nikamwachia mdogo wangu duka na kurudi nyumbani wakati wa likizo na wikendi nilizopata nauli. Chuo chenyewe sitakitaja. Si siri, ila walimu wangu hawakuomba kuandikwa mtandaoni. Kiko upande wa Teso, unashuka teksi kwenye lami na kumalizia kwa boda kwenye barabara ya vumbi, hadi unapoona miembe mikubwa, zizi, na shamba lililopimwa vijisehemu kwa vigingi na kamba.

Watu hudhani vyuo vya namna hii ni vitu vya juzi. Bukalasa, kule Wobulenzi wilayani Luweero, kilianza mwaka 1920, miaka miwili kabla ya Makerere. Arapai, karibu na Soroti, siku hizi ni kampasi ya Chuo Kikuu cha Busitema, na Busitema yenyewe, hapa hapa wilayani kwetu, ilikuwa chuo cha taifa cha mitambo ya kilimo kabla ya kufanywa chuo kikuu mwaka 2007. Mimi jambo hili la kupandisha vyuo vyeo halinifurahishi sana. Mwenye digrii anatafuta ofisi Kampala. Anayebaki kijijini na kuingia shambani kwa mtu akiwa amevaa gambuti ni yule wa cheti na diploma, na ndiye anayezidi kukosa mahali pa kusomea.

Wenzangu darasani walikuwa vijana, wengi wametoka kidato cha nne au cha sita na alama ambazo hazikuwapeleka walikotaka. Mmoja aliniambia waziwazi kwamba alitaka uuguzi, akakosa, ndipo mjomba wake akasema, "Basi nenda kilimo." Hiyo "basi" ndiyo msiba wa sekta nzima. Nadhani tunaipanda sisi wenyewe shuleni. Umechelewa? Kapalilie bustani ya mwalimu. Umeongea lugha ya nyumbani darasani? Lima pale nyuma ya choo. Mtoto anakua akijua jembe ni fimbo nyingine tu, halafu akifika miaka ishirini tunamshangaa kwa nini hataki kulima. Nchi inayosema kilimo ni uti wa mgongo inawaadhibu watoto wake kwa uti wa mgongo huo huo.

Waliniita Mama Duka tangu wiki ya kwanza. Mwalimu wa mimea, kijana ambaye ningeweza kumzaa kama ningeanza mapema, naye aliniita Mama, nami nikamwita Mwalimu, na heshima ikakaa pande zote mbili. Shida ilikuwa usiku. Bweni la wasichana lina kelele ambazo mtu mwenye umri wangu alishazisahau.

Sasa mihogo. Huku kwetu muhogo ndio chakula, vitu vingine ni vitafunwa. Wazee wa Teso bado wanasimulia ile batobato kali iliyoanza mwishoni mwa miaka ya 1980 upande wa Luweero, ikaja ikimaliza mashamba hadi watu wakala mizizi ya porini. Batobato angalau unaiona: jani limejikunja, lina mabaka ya manjano, mmea umedumaa. Ugonjwa uliofuata ni mnafiki. Unaitwa michirizi ya kahawia. Wataalamu waliuandika tangu miaka ya 1930 kule Amani, Tanga, na kwa muda mrefu ukahesabiwa kuwa ugonjwa wa pwani tu. Mwaka 2004 ukaonekana hapa Uganda, kwenye miinuko ambako ilidhaniwa hauwezi kufika.

Mwalimu alitupeleka kwenye vijisehemu viwili vya muhogo vilivyokaribiana, akasema tuchague upi tungependa kula. Wote tukachagua ule wenye majani mapana, mrefu, wa kupendeza. Akauchimbua. Mizizi ilikuwa minene, mizuri, na alipoipasua kwa panga ndani kulikuwa na madoa ya kahawia, makavu, magumu kama gamba la mti. Hata nguruwe anafikiria mara mbili. Yule kijana aliyetaka uuguzi alikaa kimya, kisha akasema hivyo ndivyo ilivyokuwa shamba lote la mama yake, na walidhani ni mchanga mbaya.

Pale ndipo nilipofikiria wateja wangu. Wangapi wamesimama kwenye kaunta ile wakitaka dawa ya muhogo unaooza ndani? Dawa hiyo haipo. Ni virusi, vinabebwa na nzi weupe na zaidi ya hao vinabebwa na sisi, tunapochukua vipando kwa shangazi bila kuangalia na kuvisafirisha kwenye basi kutoka wilaya hadi wilaya. Kinachosaidia ni kipando safi cha aina inayovumilia, kama NASE 14 au NAROCASS 1 kutoka kwa watafiti wa serikali, na kung'oa mmea mgonjwa mapema hata kama roho inauma. Hakuna chupa hapo. Mtu wa duka anaposomea kilimo, anagundua kwamba sehemu kubwa ya magonjwa yanayomletea wateja hayana kitu cha kuuza.

Mgomba ni hivyo hivyo. Ule mnyauko wa bakteria ulioingia mwaka 2001 upande wa Mukono hauna dawa ya kupiga. Unavunja lile ua la chini la mgomba kwa kijiti chenye panda, si kwa panga, mara tu chane ya mwisho inapotoka, ili wadudu wasipate pa kuingizia bakteria. Ukikata kwa panga, unalisafisha kwa moto au kwa jiki kabla ya kwenda mgomba mwingine. Nimemfundisha mama mkwe jambo hili. Akasema panga lake halijawahi kuugua. Lakini nimemwona akilipitisha kwenye moto wa jikoni, akidhani simtazami.

Mafunzo ya vitendo yalikuwa asubuhi, kabla jua halijakaza. Tulilima kwa maksai, na mtu aliyetufundisha hakuwa mwalimu bali mzee wa zizi, asiye na cheti chochote, anayezungumza na ng'ombe kwa Kiteso na sisi kwa Kiswahili cha jeshini. Plau la ng'ombe liko Teso tangu karibu mwaka 1910, pamba ilipoanza kulimwa kwa wingi, na mzee alitushika mikono kana kwamba alikuwepo siku hiyo. Vijana wa Kampala walilalamika: tutafanya nini na ng'ombe zama hizi za trekta? Trekta la chuo tuliliona zaidi ya tulivyoliendesha, hilo niseme ukweli. Tulichora injini, tukakariri sehemu zake, na mtihani ukauliza sehemu hizo. Maksai tuliwaendesha.

Lugha nayo ilikuwa kichekesho. Mwalimu anafundisha kwa Kiingereza, daftari linajazwa Kiingereza, halafu tunatoka shambani na kazi yote inafanywa kwa Kiswahili na Kiteso, kwa sababu vibarua na mzee wa zizi hawana habari na ubao. Wenzangu kutoka magharibi, ambao Kiswahili wanakiona ni lugha ya askari, walinifanya mkalimani wao. Baraza la mawaziri liliamua mwaka 2022 Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe shuleni. Vizuri. Sisi wa mpakani tulikuwa tumeshaanza.

Somo nililoingia nalo na hasira ni lile la kuhifadhi nafaka, kwa sababu ya Machi 2021. Wa Busia na Malaba hawahitaji kuelezwa, ila kwa wengine: Kenya ilitangaza ghafla kwamba mahindi ya Uganda na Tanzania hayaingii, yana sumukuvu nyingi. Malori yakasimama. Mume wangu hakulala nyumbani siku hizo, wenye mizigo walikuwa wakimpigia simu usiku kucha. Baada ya siku chache marufuku ikalegezwa kwa masharti, mahindi yawe na vyeti na sumukuvu isizidi sehemu 10 katika bilioni. Hapa mjini tulisema ni siasa tu, Wakenya wanalinda wakulima wao. Huenda siasa ilikuwemo. Lakini mwalimu wa mavuno alituuliza swali moja: mahindi ya kwenu mnaanika wapi? Darasa zima likacheka. Tunaanika chini. Barabarani, uwanjani, juu ya udongo wenyewe, kuku wanapita, mvua ya ghafla inanyesha, tunakusanya yakiwa na unyevu na kuyatia gunia kwa sababu mnunuzi amesimama na mizani na anataka uzito.

Kuvu anayetengeneza sumu hiyo anakaa kwenye udongo. Akipata punje yenye unyevu na joto, anafanya kazi yake. Sumu yenyewe huioni, haina harufu, na kupika ugali hakuiondoi. Inakula ini polepole. Kiwango cha Afrika Mashariki ni unyevu usiozidi asilimia 13.5, na kipimo cha umeme cha kuonyesha hilo ni ghali kwa mkulima wa ekari moja. Ndipo tukafundishwa chumvi. Unachukua chupa kavu ya kioo yenye kifuniko, unatia mahindi hadi kama theluthi, unaongeza vijiko vichache vya chumvi iliyokaushwa vizuri, unatikisa dakika kadhaa, kisha unaiacha itulie kama robo saa. Chumvi ikiganda kwenye kuta za chupa, mahindi ni mabichi, rudisha juani. Isipoganda, yako chini ya asilimia 15 hivi. Angalia, chumvi haikuambii umefika 13.5, kwa hiyo ongeza siku ya jua kabla ya kuweka ghalani. Wengi wanaofundisha kipimo hiki husahau sehemu hiyo ya mwisho.

Siku hizi chupa ya chumvi iko kwenye kaunta yangu. Watu wanaleta mahindi mfukoni, tunatikisa pamoja, wapita njia wanasimama kuangalia. Turubai zinatoka kuliko zamani, na ile mifuko isiyopitisha hewa inayoua dumuzi, mdudu wa ghalani, bila kuwekewa dawa. Faida yake kwa kipande si kubwa. Lakini mteja wa mfuko anarudi kila msimu na kiburi kidogo usoni, na mimi napenda wateja wenye kiburi cha aina hiyo.

Kitu kingine kilichonifurahisha chuoni ni vuta-sukuma. Kama una shamba huku kwetu, unalijua lile gugu la maua ya zambarau ambalo Wajaluo huliita kayongo na Watanzania kiduha. Linashika mizizi ya hindi chini kwa chini na kulinyonya kabla hata halijachomoza. Mbegu zake ni vumbi, mmea mmoja unatoa maelfu kwa maelfu, na zinaweza kulala ardhini miaka ishirini zikisubiri hindi lipandwe. Watu wengine walishahamisha mashamba wakiamini wamerogwa. ICIPE, kituo cha utafiti wa wadudu, kule Mbita kando ya Ziwa Victoria, walifanya utafiti pamoja na Waingereza wa kituo cha utafiti cha Rothamsted, wakaja na mpango huu: katikati ya mistari ya mahindi unapanda desmodiamu, mmea wa jamii ya kunde, pembeni kuzunguka shamba unapanda majani ya napia au brachiaria. Harufu ya desmodiamu inamfukuza nondo wa funza wa mabua, majani ya pembeni yanamvuta akatage huko. Na chini ya ardhi mizizi ya desmodiamu inaidanganya mbegu ya kayongo iote mahali ambapo haitapata cha kushika, ikafa. Juu ya hayo yote ng'ombe wanapata majani mwaka mzima.

Nimepanda kipande nyuma ya nyumba ya mama mkwe. Msimu wa kwanza ni kazi, sitakudanganya. Desmodiamu inaota kwa uvivu, inaonekana kama gugu, na mpaliliaji wa leja-leja, yaani kibarua wa siku, anaing'oa kwa moyo mweupe kabisa. Ilibidi nisimame naye mstari kwa mstari. Msimu wa pili ndipo ilipotandaza. Kayongo bado ipo, ila imepungua kiasi cha kuing'oa kwa mkono mchana mmoja.

Yako mambo ambayo chuo hakikunipa. Hesabu za biashara zilipita haraka, wiki chache tu, na walimu wenyewe walizifundisha kwa mifano ya mashamba ya ekari mia ambayo hakuna mwanafunzi hata mmoja angeyapata. Suala la ardhi halikuguswa kabisa. Vijana wale wanamaliza na ujuzi wa kupanga mistari ya kahawa na kuchanja kuku, wanarudi nyumbani ambako baba ndiye mwenye shamba na ndiye anayeamua. Ukimwambia mzee wako kwamba mbegu ya mahindi chotara haifai kurudiwa msimu wa pili, anakuuliza nani alikulipia ada. Wasichana ndiyo zaidi, shamba wanaloolewa nalo si lao. Sijui kwa nini somo la namna ya kumshawishi mwenye ardhi halimo kwenye mtaala. Ningelifundisha mimi.

Siku hizi wanakuja na pesa za PDM, ule mpango wa parishi uliozinduliwa mwaka 2022, milioni moja kwa kaya. Mtu ana milioni mfukoni, anataka kuku wa mayai, wote mara moja, na chakula, na dawa, kesho. Namuuliza banda liko wapi. Namuuliza chakula cha wiki ya kumi na mbili atakitoa wapi, maana kuku wa mayai anakula miezi mingi kabla hajataga yai la kwanza. Wengine wanakasirika, wanavuka barabara kwenda duka la pili ambako hawaulizwi kitu. Mdogo wangu, aliyeendesha duka nilipokuwa masomoni, anasema mimi sasa nafukuza wateja kwa maswali, na akitazama daftari la mauzo ya dawa za kupuliza ana haki ya kusema hivyo. Akitazama daftari la mbegu na turubai ananyamaza.

Nimeulizwa mara nyingi na akina mama wenzangu kama inawezekana kwenda wakiwa na watoto na biashara. Inawezekana, ukiwa na dada mwaminifu na mume asiyeona haya kupika. Uliza kwanza kama chuo kimesajiliwa, kwa sababu vipo vyenye bango kubwa barabarani na shamba dogo kuliko bango. Uliza kuona shamba kabla ya kuona ofisi. Beba gambuti zako mwenyewe, panga, shuka mbili za ziada, tochi, na pamba ya kuziba masikio usiku. Diploma ni miaka mingine miwili, na fomu ninayo. Shemeji yangu alishanunua ile bodaboda kuukuu kwa pesa zake, iko gereji.